Wale wa Ndani Kabisa

Hapa Soin mvua naiona mara nyingi kuliko inavyoninyeshea. Kila alasiri wingu hukusanyika kule juu upande wa chai, likakoza weusi, likajimwaga huko huko, na mimi huku chini nimekaa kwenye veranda najipepea na kipande cha katoni. Nimekuwa nikiangalia upande ule tangu nistaafu. Watu wa nyumbani hudhani nangojea mvua ishuke, nami huwaacha wadhani hivyo. Siku Chepng'etich aliponipigia simu nilikuwa nimekaa papo hapo. Chepng'etich ni binti wa Chelangat. "Auntie Akinyi," akasema, "Mama ametuacha leo asubuhi." Nilimwambia pole, nikamuuliza kama wamekula, swali la kipuuzi kabisa, kisha nikakata simu na kuanza kulia. Nimekuwa mkunga maisha yangu yote ya kazi. Nimewaambia wanawake wengi wanyamaze, nimewashika mikono, nimewafuta jasho, na nilidhani najua kilio huanzia wapi na huishia wapi. Hiki hakikuishia popote. Nililia nikipanga nguo, nikalia nikitafuta viatu vya kuendea matanga, na jirani aliyenipeleka huko juu kwa gari lake alizima redio bila kuombwa.

Mtu akiniuliza Chelangat alikuwa nani kwangu, jibu ni fupi: tulikaa boma moja kwa mwaka mmoja. Hatukusoma shule moja, hatukuwa kabila moja, na baada ya mwaka huo tulionana kwa nadra na kwa haraka, harusi hapa, mazishi pale. Lakini mwaka huo tulikuwa na kitu ambacho hakuna mtu mwingine duniani alikuwa nacho, na sasa nimebaki nacho peke yangu. Ndiyo maana nauandika. Nina umri wa kutosha kujua kwamba kitu kinachojulikana na mtu mmoja kiko karibu sana na kutojulikana.

Nilikuwa nimemaliza Form Four, nangoja matokeo. Dada yangu Adhiambo aliniita nikae kwake ng'ambo ya Mogogosiek, ambako mume wake alikuwa amepata kazi kwenye boila ya kiwanda cha chai. Walikuwa wamepanga vyumba viwili vya mbao katika boma la mama mzee aliyeitwa na kila mtu Kogo, yaani nyanya, ingawa wengi waliomwita hivyo hawakuwa wajukuu wake. Mimi nililala sebuleni, nyuma ya pazia la maua, na ukuta wa upande wangu ulikuwa umebandikwa magazeti ya zamani ili baridi isipite katikati ya mbao. Nilitoka kando ya ziwa, sikuwa nimewahi kuona baridi ya aina ile. Asubuhi ukungu ulikuwa unaingia ndani kama mtu wa nyumbani. Kulipokucha vizuri ungeona chai tu, kijani kitupu kilichokatwa sawasawa mpaka mwisho wa macho, na ng'ambo ya bonde bomba la kiwanda likitoa moshi. Upepo ukigeuka, harufu ya majani yanayokaushwa ilikuja mpaka kitandani kwangu. Nimeshanusa vitu vingi tangu siku hizo, vingine vizuri zaidi, lakini hiyo ndiyo harufu inayonifanya nisimame katikati ya barabara.

Jikoni kwa Kogo ndiko kulikokuwa na joto, kwa hiyo huko ndiko nilikohamia mchana. Kilikuwa chumba cha udongo chenye mafiga katikati, kuta nyeusi kwa moshi, na vibuyu vya mursik vimening'inia juu, maziwa yakigandia humo pamoja na mkaa wake. Siku ya kwanza nilimkuta msichana wa rika langu ameketi kwenye kigoda, amepanua magoti kupisha tumbo kubwa, anamenya viazi. Ndiye Chelangat, mjukuu wa Kogo wa kweli.

"Wewe ndio sister ya mama wa boila?" akaniuliza. "Wanasema umekuja na vitabu."

"Nimekuja na ya physics na ya biology."

"Lete ya physics. Biology nishafanya practical," akasema, akajipigapiga tumbo, na tukacheka mpaka kiazi kikaanguka kwenye jivu.

Alikuwa ameacha shule akiwa Form Three, wakati darasa lao ndiyo limefika kwenye atomu. Jambo hilo lilimuuma kuliko mambo mengine yote ambayo watu walitarajia yamuume. Baba wa mtoto hakumtaja hata mara moja, mimi nami sikumuuliza. Alichotaka kujua ni kilichokuwa ukurasa unaofuata. Basi nikawa namsomea jikoni, yeye anamenya au anachambua mboga, mimi nimeshika kitabu karibu na mlango ili nipate mwanga. Tulipita atomu, tukaingia kwenye kiini chake, tukafika kwenye protoni, na hapo kitabu kikaishia. Nikamwambia kuwa mwalimu wetu, kijana aliyekuwa ametoka chuo kikuu juzi juzi, alisema siku ya mwisho ya shule kwamba hata ndani ya protoni kuna vitu vidogo zaidi.

"Na ndani ya hizo vitu?"

"Alisema hakuna mtu anajua."

Chelangat akaacha kisu. "Basi kuna watu."

"Watu aje?"

"Mahali hakuna mtu anajua, huko ndiko watu wanaishi. Sisi hapa, Nairobi nani anatujua? Na si tuko?"

Ndivyo walivyoanza. Kwa jumla hatukuwapa jina la maana, tuliwaita wale wa ndani kabisa, lakini mmoja mmoja tuliwapa majina, kama Ng'weno mwenye ng'ombe mmoja. Tulikubaliana kwamba walikuwa wadogo kiasi kwamba mwanga wenyewe ulikuwa mkubwa mno kuingia kwao, kwa hiyo hawakuwa na macho, wala hawakujua kuwa kuna giza. Walijuana kwa kutetemeka. Kila mmoja alikuwa na mtetemo wake, na ukitaka kumsalimia mwenzako ulitetemeka kidogo kama yeye, kisha ukarudi kwenye wa kwako. Waliopendana sana walisahau kurudi. Tulibishana siku nzima kuhusu mifugo. Chelangat hakuweza kufikiria watu wasio na ng'ombe, na mimi sikuweza kufikiria watu wasio na ziwa.

"Ziwa? Maji yenyewe ni makubwa kuliko hao, Akinyi. Tone moja linamaliza ukoo yote."

"Na ng'ombe je? Ng'ombe inakanyaga wapi?"

Akafikiri. "Haina miguu. Huko hakuna chini. Inakaa tu karibu na mtu yenye inampenda, na ukiiita vizuri inatoa maziwa."

Kogo alikuwa akisikiliza yote hayo akitikisa kibuyu. Siku moja aliuliza, kwa Kiswahili chake ambacho alikitumia kwa ajili yangu tu, "Hao watu yenu, iko na kanisa?" Chelangat akasema bado, mhubiri hajapata njia ya kupita. "Pasi mwombeeni apate," Kogo akasema, akaendelea kutikisa.

Kama ningeweza kurudishiwa chumba kimoja katika maisha yangu, nisingeomba kile nilichoingia nilipoolewa wala kile nilichozalia. Ningeomba jiko lile, mchana wa mvua, viazi vikichemka, na sisi wawili tunabishana kwa sauti kuhusu ng'ombe wasio na miguu. Nasema hivi bila aibu, na mume wangu, Mungu amrehemu, alishanisikia nikisema.

Mtoto alikuja kabla ya wakati wake, wiki ile mvua ilipoharibu barabara na lori za majani zikakwama njiani. Hakukuwa na gari la kwenda popote. Wanawake wa jirani walikuja na kanga zao zimelowa, wakaingia kwa Kogo, na mimi kwa kuwa sikuwa nimezaa niliambiwa nikae jikoni niangalie maji. Ukuta kati yetu ulikuwa wa udongo ulioachana na mbao juu, na kila neno lilinifikia. Nilisikia wakisema ni msichana. Nilisikia wakisema ni mdogo sana. Kisha nikamsikia Kogo anaanza kuita majina.

Wakipsigis, watu wa kina Kogo, wana desturi hiyo. Mtoto akizaliwa, wanawake huita majina ya watu wa ukoo waliokufa, moja baada ya lingine, na jina litakalomfanya mtoto apige chafya ndilo lake. Huyo aliyekufa amekubali kurudi naye. Zamani waliisaidia chafya kwa ugoro, lakini Kogo alikuwa ameokoka na ugoro haukuingia nyumbani kwake, kwa hiyo waliingoja ije yenyewe. Sisi Wajaluo tuna yetu. Kwetu mtoto hulia, analia bila sababu, hapoi kwa titi wala kwa kubebwa, na wazee huita majina ya waliotangulia mpaka lifikiwe lile litakalomnyamazisha. Nilikuwa nimemweleza Chelangat hilo, tukacheka kwamba watoto wa kwao hupiga chafya na wa kwetu hunyamaza, kwa hiyo mtoto wa mchanganyiko atachanganya wazee.

Kogo aliita. Aliita majina ambayo sikuyajua, akayarudia, sauti yake ikiwa ya kawaida mwanzoni, kama ya mtu anayeita kuku. Kila baada ya jina palikuwa na kimya. Maji yalichemka yakamwagikia moto na sikuyaepua. Aliita wa upande huu, akaita wa upande ule, akaita hadi watu ambao wanawake wenzake walikuwa wamewasahau, kwa maana niliwasikia wakiuliza huyo ni nani. Mtoto hakupiga chafya. Mwishowe Kogo aliongea kwa Kiswahili, nadhani kwa sababu dada yangu alikuwa ameingia humo ndani kusaidia, akasema, "Huyu anakataa wote. Huyu anangoja mtu pado iko hai." Baadaye kidogo nikamsikia Chelangat, sauti ndogo kabisa, anasema, "Kogo, amekuwa baridi."

Ng'ombe walikuwa hawajarudi nyumbani. Mtoto aliishi mchana mmoja, tena si mzima.

Walimzika wanawake wale wale, pembeni ya shamba la chai, mahali safu ya mwisho inapokutana na ua. Mhubiri alikuja siku iliyofuata, akamwombea Chelangat apate nguvu, na katika maombi yake yote marefu hakumtaja mwingine. Nilipokuwa nachota maji niliwasikia wanawake wawili wakiongea upande wa pili wa ua. "Haikupata jina," mmoja akasema. Mwenzake akamjibu, "Basi hakuna shida sana. Haikuwa imefika mtu." Hawakusema kwa ubaya. Walikuwa wanajifariji, na pengine walizika wao wenyewe wa namna hiyo. Lakini nilipogeuka nilimwona Chelangat amesimama kwenye mlango wa jiko, amekunja mikono juu ya kifua kilichojaa maziwa, na nilijua amesikia.

Baada ya hapo alikaa. Hakuna neno lingine. Alikaa kwenye kigoda kile kile, hakumenya chochote, na mursik ambayo Kogo alimmiminia ilikaa kwenye kikombe mpaka nzi wakaiona. Nilimsomea kitabu, hakusikia. Nilijaribu kumwambia habari za wale wa ndani kabisa, nikasema nimekubali ng'ombe, naachana na ziwa, na hakunitazama. Dada yangu alimwambia mumewe nyuma ya pazia, akidhani nimelala, "Huyu mtoto wetu asiende huko kila siku, atabeba huzuni isiyo yake." Nilikuwa macho, na nilijua tayari nimeshaibeba.

Kiwanda kilipohitaji vibarua wa kike mavuno yalipokuwa mengi, Kogo ndiye aliyesema Chelangat aende, na aende na mimi. Tuliwekwa chumba cha kuchekecha. Chai ikishakaushwa hupitishwa kwenye machekeche yanayotikisika, ile kubwa inabaki juu, ndogo inashuka, ndogo zaidi inashuka tena, mpaka chini kabisa inabaki ile wanayoiita dasti, na chini ya dasti kuna vumbi ambalo halina jina wala bei. Hilo ndilo tulilofagia. Tulifunga leso puani lakini vumbi lilipita, lilining'inia hewani kama ukungu wa kahawia, na wanawake wote mle ndani walikuwa wanapiga chafya. Mtu akipiga, mwingine anadakia, na msimamizi anacheka anasema leo kuna mkutano.

Ilikuwa wiki yetu ya kwanza au ya pili. Nilikuwa nafagia chini ya mashine, na Chelangat yuko upande wa pili. Nikamwona amesimama, ufagio mkononi, anawatazama wale wanawake. Mmoja akapiga chafya. Chelangat akasema kitu chini ya leso. Mwingine akapiga. Akasema tena. Nikamsogelea, kwa sababu mashine zilikuwa na kelele, nikasikia kwamba anaita majina. Hayakuwa ya ukoo. Yalikuwa ya wale wetu wa jikoni: Tiito, Luu, Sisimo, Pelel, Ng'weno mwenye ng'ombe mmoja. Alikuwa analia, na vumbi lilikuwa limeshika kwenye machozi likamchora mistari ya kahawia mpaka kidevuni. "Akinyi," akaniambia, maneno ya kwanza tangu siku ile, "ona vile wanakubali."

Tulirudi nyumbani kwa miguu kupitia njia ya katikati ya chai. Wachumaji walikuwa wanashuka na vikapu vyao kuelekea kituo cha kupimia, tukawapisha, kisha njia ikawa yetu. Chelangat aliongea njia nzima, kama bomba lililozibuka.

"Nimefikiria hii maneno. Mdudu mdogo inaishi siku chache na inazeeka kabisa, si ndio? Na ndovu inakaa miaka. Sasa wewe shuka. Shuka mpaka kwa hao wetu. Ukifunga jicho hivi na kufungua, huko wameoana, wamezaa, wamezika, hata lugha imebadilika."

"Inaweza kuwa," nikasema.

"Basi huo mchana mmoja." Akasimama. "Mtoto yangu alikuwa amejaa hao ndani. Yeye ndio alikuwa dunia yao yote. Huo mchana kwao hauwezi kuisha, Akinyi. Walikuwa na nyimbo zake. Walikuwa na wazee walisema, hii dunia yetu ni msichana, na walikuwa wanajua ni mzuri. Mimi nilimjua mchana moja tu, lakini yeye alijuliwa kuliko Kogo, kuliko mtu yeyote kwa hii ridge. Na wanasema haikufika mtu!"

Nikamshika mkono.

"Na atomu hazifi," akaendelea. "Kitabu yako imesema. Inatoka hapa inaingia pale. Kwa hivyo hao wako pale kwa ua, wanaingia kwa mizizi, wanaingia kwa majani. Bado wanaimba. Kitu hawana ni jina yake. Wanaimba dunia, dunia, hawajui inaitwa nani."

Jioni hiyo alikunywa mursik, kikombe kizima, na Kogo aligeuka ukutani ili tusimwone uso. Kesho yake Chelangat alimweleza Kogo habari zote, za mdudu na ndovu na mizizi. Sijui mzee yule alielewa nini. Najua kwamba mche wa chai uliokuwa mwisho wa safu, karibu na kaburi, haukuchumwa tena. Zamu ya kupogoa ilipofika, Kogo mwenyewe alisimama mbele yake, na kijana mwenye panga akauruka. Mche wa chai ukiachwa hupanda juu. Watu wengi hawajui, kwa sababu hawajawahi kuuona umeachwa. Huwa mti kabisa, na hutoa maua meupe yenye kitovu cha njano.

Matokeo yalikuja, nikaitwa kwenye chuo cha uuguzi. Siku ya kuondoka Chelangat alinisindikiza mpaka barabarani akiwa amebeba sanduku langu kichwani, akakataa nisaidie. Kila siku tuliyobaki nayo tulikuwa tumejaribu kukisia ni nani mtoto alikuwa anamngoja, huyo mtu ambaye bado yu hai. Tulimtaja mwalimu mkuu, tukamtaja msimamizi wa kiwanda, tukacheka. Pale barabarani hakucheka. "Mimi nikitangulia," akasema, "wewe ndio utaendelea kumuita. Hakuna mtu mwingine anajua. Usiniachie mtoto akae hivyo bila jina." Nikamwahidi. Tulikuwa wasichana, kufa kulikuwa jambo la Kogo.

Na Kogo alipokufa, miaka mingi baadaye, nilikuja. Chelangat alikuwa amebaki na boma, hakuolewa, alilea watoto wake waliofuata pale pale. Watu walipotawanyika tulienda wawili mpaka kwenye mti ule wa chai, ambao ulikuwa umetupita kimo, tukamwita mtoto kwa jina la Kogo. Tulikuwa na hakika ndilo. Tukangoja. Palikuwa na upepo tu, na ng'ombe wa jirani. Chelangat akapangusa macho, akasema, "Amemkataa hata Kogo. Huyu ni kichwa ngumu kabisa," na tukarudi kula chakula cha matanga tukiwa tumeshikana viuno.

Nimezalisha watoto ambao sina idadi yao. Kila mtoto aliyepiga chafya mikononi mwangu, nilimkumbuka yule wa Chelangat, na kila aliyetoka kimya nilimkumbuka zaidi. Sikuwahi kumwambia mama yeyote kwamba mtoto wake hakufika mtu. Niliwakataza wauguzi wadogo wasilitamke neno hilo mbele yangu, na walinijua kwa ukali huo. Nilitaka sana kuja kukaa na Chelangat nikistaafu, hata mwezi mmoja tu, tukae jikoni. Tulizungumza hilo kwa simu. Alisema nilete kitabu, siku hizi wameshajua zaidi. Nilisema mvua zikipungua nitakuja.

Tulimzika juzi, karibu na Kogo. Mhubiri, kijana mzuri, alisema Mama Chelangat alijaliwa watoto watatu, na watu wakaitikia amina, na mimi kilio changu kikazidi mpaka mama mmoja akaniletea kiti. Watu walipokwenda kwenye mahema kula nilimwomba Chepng'etich anishike mkono anipeleke mwisho wa shamba. Mti ule sasa ni mkubwa, una kivuli, na ulikuwa umechanua. Chini yake nyasi zilikuwa zimekatwa vizuri.

"Hii Mama alikuwa hataki tuguse," Chepng'etich akasema. "Pruning ikifika, anakuja kusimama hapa. Tukimuuliza anasema iko na wenyewe."

Nilichuma jani moja, nikalisugua viganjani, nikalinusa. Kisha nikaanza kuwaita, wale wa ndani kabisa, kwa utaratibu tuliokuwa nao: Tiito, Luu, Sisimo, Pelel, Ng'weno mwenye ng'ombe mmoja. Nililia kwa kila jina. Chepng'etich alinishika mgongo akidhani nasali kwa lugha ya kwetu. Nilikuwa nataka kuwapa habari tu, kwamba rafiki yao amekuja, kwamba ameshaingia udongoni na atawafikia kwa mizizi, wampokee. Nikafungua mdomo kuwaambia ni nani.

"Chelangat," nikasema.

Kukawa kimya. Nilidhani ni upepo umekoma, au watu kwenye mahema wameacha kuongea. Nilikaa hivyo kwa muda, mkono mdomoni, kabla sijaelewa kwamba aliyenyamaza ni mimi. Kilio kilichonishika tangu simu ile, nilichokwenda nacho njia nzima, kilikuwa kimekatika, na kifua changu kimetulia kama cha mtoto wa kwetu aliyepatiwa jina lake. Nikaliita tena jina lile, taratibu, nikiwa na hakika sasa ni nani mtoto alikuwa anamngoja.

"Auntie," Chepng'etich akasema kwa wasiwasi, "uko sawa?"

"Amekubali," nikamwambia.

"Nani amekubali?"

"Dada yako mkubwa," nikasema, nikamvuta akae nami chini ya mti, nimsimulie.